Chokaa Juu ya Kipumuo

Watu wa Kidongwe walikuwa wamekwisha kupita kona ya tatu ya njia ya mbuzi, vitanda vichwani, kuku wakining'inia miguu juu, na Kazija alikuwa mbele yao wote kama mtu anayefukuzwa. Hakuwa na mzigo wa maana. Alikuwa na mkoba wa patasi, kibuyu cha maji, na miguu ambayo haijapata kukubali kulala pahali pamoja zaidi ya siku kumi. Amewaambia wahame, wamehama, kazi imekwisha. Hivyo ndivyo alivyojiambia toka alfajiri, na kila alipojiambia alizidisha mwendo.

Nyuma yao mji ulibaki mtupu chini ya tope. Na tope lenyewe lilikuwa limesimama juu ya mapaa, ukuta wa udongo mwekundu wenye miti na majabali ndani yake, limeinama kama mtu anayetaka kunong'ona. Lilisimama hivyo toka mwaka ule Mlima Ngamba ulipomeguka, na huu ni wa arobaini na moja. Watoto wa Kidongwe walizaliwa chini yake, wakakua, wakaoana, bila kulitazama, kama wewe usivyotazama dari ya nyumba yako.

Pandu, sheha wa mji, alimfikia akihema. Alikuwa mtu mnene, na kilima hakikuwa rafiki yake. Alisema amewahesabu watu mara mbili kwenye kona na amepungukiwa na mmoja. Bi Mashavu hayumo. Amerudi kumwita, amemkuta amekaa kwenye kigoda chake palepale mbele ya mawe yanayolizuia tope, anasuka ukili.

"Kasemaje?" Kazija aliuliza, bila kusimama.

"Kasema yeye hana haraka. Mumewe hajamaliza kukimbia."

Halafu Pandu akaongeza, kwa sauti ya chini, kuwa Bi Mashavu ametaka fundi aulizwe mara moja ya mwisho. Hawezi kutolewa mumewe, Shaame? Kazija alikwisha kulijibu swali hilo siku tatu nyuma, mbele ya mji mzima, alipoweka sikio kwenye jiwe la kwanza akalisikia linavuma kama mzinga wa nyuki, dalili kuwa limekaribia kupasuka. Alijibu haiwezekani, na alilijibu upesi mno, kama mtu anayefunga mlango kabla mbuzi hajaingia. Pandu hakumkumbusha. Aliitazama tu mikono yake.

Mikono ya Kazija ilikuwa ya watu wawili. Wa kushoto ulikuwa mkono wa mwanamke wa miaka sitini na kitu, ambaye ndiye yeye. Wa kulia ulikuwa wa ajuza wa miaka mia, mishipa juu, ngozi kama ganda la kitunguu. Kila mstari wa nembo ya kuzuia wakati hula kidogo katika mkono unaouchora. Mafundi wote wa nembo huwa hivyo, na ndiyo maana huwa wachache.

Alisimama. Alitua mkoba, akaunyanyua tena.

"Inawezekana," alisema.

Pandu alifuta jasho usoni. "Wewe ulituambia..."

"Najua nilichowaambia. Wasimamishe watu hapa ukingoni. Mtu asishuke mjini, na mtu asiende mbele."

Akageuka kuteremka. Miguu yake, iliyomtii maisha yote kwenda, ilikuwa mizito sana kurudi.

*

Bi Mashavu alimsikia akija na hakuinua uso. Alikuwa mwembamba, mweupe wa nywele, na ukili wake ulikuwa umefika magotini. Mbele yake yalisimama mawe kumi na mawili, kila moja kimo cha mtoto, yamejipanga kwenye miguu ya tope toka upande hadi upande. Yote yalikuwa meupe pe kwa chokaa. Jiwe la mwisho, la kulia kabisa, lilisimikwa juu ya mwamba ulioungana na ukingo wa kilima. Hilo ndilo jiwe la ufunguo.

Na hatua kumi nyuma ya mawe, chini kabisa ya lile tope, alikuwapo Shaame. Kijana wa miaka ishirini na sita, kifua wazi, mguu mmoja chini na mwingine juu, mdomo nusu wazi. Tone la jasho lilikuwa limetoka kidevuni halijafika kifuani. Siku ile jiwe la saba lilianguka, mtu akahitajika kuingia ndani kulisimamisha, na wengine wote walitazama chini. Shaame aliingia, akalisimamisha, akageuka kukimbia. Marehemu Fundi Mbaruku akasema, "Funga." Mkono uliofunga ulikuwa wa mwanafunzi wake, na mwanafunzi alikuwa Kazija.

"Mwanzo nilikuwa namlilia," Bi Mashavu alisema, akisuka. "Halafu nikawa namsimulia habari za mji. Siku hizi namgombeza tu, kama mume yeyote. Keti, fundi. Au miguu inakuwasha?"

"Inaniwasha."

"Basi simama."

Kazija akamweleza akiwa amesimama. Nembo haiui wakati. Wakati hauuawi. Nembo huuzuia, kama bwawa linavyozuia maji ya mto, na maji yaliyozuiwa hayaendi popote, hujaa. Ndani ya mawe haya imejaa miaka arobaini. Mtu akikata mstari wa jiwe la ufunguo, miaka hiyo itatoka mara moja, na tope litaanza kuja. Kwa muda wa pumzi kumi tope litaanguka pole, kwa sababu wakati utakuwa unatoka kabla yake. Katika pumzi hizo kumi Shaame anaweza kukimbia hatua kumi, akipinda kuelekea jiwe la ufunguo, akapanda mwamba.

"Na hiyo miaka arobaini inakwenda wapi?"

"Kwa anayegusa jiwe."

Bi Mashavu aliweka ukili chini. "Niguse mimi."

"Utakuwa na miaka mia na nne, Bibi. Utakuwa vumbi kabla hajafika."

Kulikuwa na njia mbili nyingine, na Kazija alizitaja zote. Ya kwanza, miaka yote imwingie Shaame mwenyewe. Atatoka ana sitini na sita, mzee mwenziwe, wakae kizingitini pamoja wakohoe pamoja. Bi Mashavu alimtazama mumewe muda mrefu. Alitazama lile tone la jasho.

"Hapana," alisema. "Yangu nilipewa nikaila. Yake ni yake."

Njia ya pili ilikuwa kamba. Kamba ya katani, ikipakwa jivu la shaba na kufungwa kwenye jiwe la ufunguo, huchukua wakati kama utambi unavyochukua mafuta. Wakati ukipita kwenye kamba hujigawa sawasawa kwa kila mkono ulioishika. Mikono arobaini, mwaka mmoja kila mtu. Mikono kumi, miaka minne.

"Basi mbona ulisema haiwezekani? Watu wapo."

Kazija alisogea kwenye mwamba. Alikuwa anatazama ubavu wa jiwe la ufunguo, pale mstari wa mwisho unapoishia. Palipaswa kuwa na mwanya wa upana wa kidole. Hakukuwa na mwanya. Kulikuwa na chokaa, tabaka juu ya tabaka, nene kama mkate, imelainishwa kwa kiganja cha mtu aliyefanya kazi yake kwa mapenzi.

*

Ukingoni palikuwa na kelele. Pandu, aliyeelezwa na Kazija habari ya kamba, alikwisha kuwaeleza, na kila mtu alikuwa na neno. Wenye mimba na wanaonyonyesha walikatazwa kamba, na watoto wakasukumwa nyuma. Mwanamke mmoja alitaka kujua kama mwaka unaumiza. Mzee mmoja alisema yeye amebakiwa na miwili tu kwa hesabu yake, sasa akitoa mmoja itakuwaje. Wakamwambia amekuwa akisema hivyo toka wao wadogo. Vuai mfinyanzi, mtu wa mizaha, alikuwa wa kwanza kushika.

"Mwaka mmoja tu?" alisema. "Mke wangu alinizeesha mitano kwa mwezi mmoja. Leteni."

Watu wakacheka, na kicheko kikawalegeza. Yule aliingia kwa ajili yetu, walisema. Mwaka mmoja ni nini? Msimu wa mtama na msimu wa kunde. Wakashika mmoja mmoja, toka mwamba hadi juu ukingoni, na Pandu akahesabu hadi arobaini kamili. Bi Mashavu alishika ncha ya chini kabisa, kwenye ukingo wa mwamba, mahali ambapo Shaame angeweza kumwona akigeuza shingo. Alikuwa amejifunga shuka ya zamani ya rangi ya zambarau, imetobolewa na mende. Ndiyo aliyoivaa siku ile.

Kazija alipiga magoti mbele ya jiwe, patasi mkononi.

Aliyekuwa karibu naye kwenye kamba, baada ya Bi Mashavu, alikuwa Bi Mkasi. Yeye ndiye kiongozi wa wanawake wa chokaa. Kila mwaka, Siku ya Shukrani, walioga, wakavaa vipya, wakaja na ndoo za chokaa na nyimbo, wakayasiriba mawe yote kumi na mawili toka juu hadi chini. Ilikuwa ndiyo heshima kubwa ya Kidongwe, na msichana aliyechaguliwa kuingia kundi hilo alichinjiwa mbuzi.

Bi Mkasi aliukunja mkono kwenye kamba na kusema kwa fahari, "Tuliyatunza kama mlivyotuagiza, fundi. Hatukuruka hata mwaka mmoja."

Patasi haikwenda.

Angeweza kukata. Ndilo jambo alilolijua kuliko yote, kufanya kazi na kuondoka. Watu walikuwa tayari, mwaka mmoja kila mtu, na wasingemlaumu yeyote, wangeilaumu dunia. Akisema, watashusha mikono, na kila mkono utakaoshuka utamwongezea mzigo aliyebaki. Pengine wote watashusha, na Shaame ataanguka na mlima. Asiposema, watakuwa wametoa miaka yao bila kujua wanailipia nini. Mwizi naye huchukua kwa mtu asiyejua. Miguu ilimwasha hata akainuka.

"Sikilizeni," alisema. "Kabla sijakata."

Akawaambia. Hakupamba. Aliwaambia mstari wa mwisho wa nembo haufungwi kamwe, huachwa mwanya, na mwanya huo mafundi huuita kipumuo. Wakati ulipaswa kuvuja humo kidogo kidogo, kila siku kiasi cha siku yake, na tope likadondoka kwa kadiri hiyo, mapakacha mawili matatu kila asubuhi, wao wakazoa wakamwaga mtoni. Mwaka wa kwanza si walizoa? Walizoa. Wazee walikumbuka. Kisha ikaja Siku ya Shukrani ya kwanza, mawe yakapakwa chokaa, na tope likaacha kudondoka.

"Tukasema mawe yamekubali," mzee mmoja alisema.

"Yalizibwa. Yangeachwa yapumue, leo msingekuwa na mwaka hata mmoja wa kugawana. Shaame angetoka mwenyewe."

Bi Mkasi alikuwa ameigeuza mikono yake, anaitazama viganja.

"Si kosa lenu," Kazija alisema. "Tuliwaambia myatunze, hatukuwaambia vipi. Fundi Mbaruku aliona mambo ya kazi hayasemwi kwa watu. Lakini hilo silo ninalotaka kusema. Nilipita hapa miaka ishirini na mbili nyuma. Mnakumbuka. Mlinichinjia, mkanipa shuka mpya, akina mama wakaniimbia mbele ya mawe. Nikaona chokaa juu ya kipumuo. Ilikwisha kujaa miaka kumi na minane. Nikawaambia mmeyatunza vizuri. Asubuhi nikaondoka."

Watu waliitazama kamba mikononi mwao.

Vuai aliachia kamba. Aliiweka chini taratibu, kama anavyoweka chungu kibichi. "Mwaka wa Shaame ningeutoa," alisema. "Wa uongo wako siutoi." Akapanda kilima, na mkewe nyuma yake. Wakafuata wengine, wawili wawili, hawakutazamana. Mtu mmoja aliachia, akashika, akaachia. Pandu hakuhesabu kwa sauti, lakini midomo yake ilikuwa inacheza. Walibaki kumi na watano. Bi Mashavu hakuwa amegeuka hata mara moja. Macho yake yalikuwa kwa mumewe.

Bi Mkasi alikuwa bado anatazama viganja.

"Kumbe nilikuwa namziba pua," alisema. "Kila mwaka. Na huku naimba."

"Bi Mkasi, nisa..."

"Usiniombe radhi sasa hivi, nitakosa nguvu za kushika." Akaizungusha kamba mara mbili kwenye kifundo cha mkono. "Kata."

Ni mwiko fundi anayekata kushika kamba. Mwenye kukata lazima abaki na akili ya sasa. Kazija aliifunga kamba kwenye mkono wake wa kushoto, ule uliokuwa bado na umri wake, akawa wa kumi na sita. Akaegemeza patasi kwenye chokaa. Tabaka zilibanduka, nyeupe, nyeupe, nyeupe, halafu jiwe jeusi, halafu mstari.

Akakata.

*

Haikuwa na sauti. Ilikuwa kama kukanyaga ngazi ambayo haipo. Kamba ilikazika yenyewe, ikawa ya moto, na kumi na sita wale wakavuta pumzi moja iliyodumu miaka miwili na nusu. Nywele zilishuka mabegani. Kucha zilirefuka zikajikunja kama kwato za mbuzi aliyefungwa. Pandu, aliyenyoa ndevu asubuhi, alijikuta nazo kifuani. Jino la Bi Mkasi lilimtoka, akalitema bila kuachia. Vinywa vilikauka kama majivu.

Tone la jasho likafika kifuani mwa Shaame.

Mguu wake ukagusa chini. Alikuwa anakimbia moja kwa moja, kuelekea nyumbani kwake, nyumba ambayo ilikwisha kubomolewa zamani, na tope lilianza kuja nyuma yake pole, pole, kama uji unavyoshuka ukingoni mwa chungu. Watu walimwita jina lake. Hakusikia, au alisikia sauti za watu asiowajua. Pumzi moja. Mbili. Tatu.

Bi Mashavu aliachia kamba, ilikwisha kupoa. Alisimama kwenye ncha ya mwamba na shuka yake ya zambarau, kikongwe mwenye nywele hadi kiunoni.

"We Kisebusebu," aliita. Hakupiga kelele. Aliita kama mtu anavyoita kutoka jikoni. "Chakula kimepoa. Njoo huku."

Jina hilo alimpa siku ya kwanza alipokuja kwao kuposa, akasema ameshiba na macho yako chunguni. Hakuna mwingine aliyelijua. Shaame aligeuza shingo. Aliona shuka. Alipinda, akateleza, akaweka mkono chini, akainuka, na hatua mbili za mwisho Pandu alimdaka kiwiko na kumvuta juu kama gunia.

Kisha tope likakumbuka uzito wake. Kidongwe kilimalizika kwa muda ambao mtu huchukua kufunga kilemba.

Vumbi lilipotua, Shaame alikuwa amekaa juu ya mwamba. Alitazama mji, hakuuona. Alimtazama yule kikongwe mwenye shuka ya mkewe, usoni, polepole, kama mtu anayesoma maandishi yaliyofutika.

"Nimechelewa?" aliuliza.

"Kidogo," Bi Mashavu alisema, akampangusa tope sikioni kwa ncha ya shuka.

*

Kidongwe kilijengwa upya ng'ambo ya ukingo, mahali pasipo mlima juu yake, na hakikuwekwa nembo.

Bi Mashavu aliishi miaka sita. Shaame alimchotea maji na kumbeba kumpeleka kuota jua, na walikuwa wakigombana kila siku kuhusu chumvi. Alipokufa alikuwa amekwisha kumchagulia mke mwingine, mjane wa kijiji cha jirani. Shaame alikataa mara mbili, kisha akamwoa. Wana watoto watatu. Hajawahi kukubali kukaa mahali ambapo hawezi kuona mlango.

Pandu aliacha usheha mwaka uleule, akisema watu aliowaona wakiachia kamba mbele ya macho yake hawezi tena kuwahesabu vilevile. Alifuga mbuzi.

Vuai alifukua udongo wa lile tope na kufinyanga vyungu vizuri kuliko vyote alivyopata kufinyanga. Walioshika kamba hakuwauzia, aliwapa. Vuai hakumsamehe Kazija. Alipoulizwa kwa nini aliachia, alisema angeachia tena.

Bi Mkasi hakushika chokaa tena. Nyumba yake ilibaki udongo mtupu, na nyasi ziliota ukutani.

Kazija alikaa nao masika moja, muda mrefu kuliko aliopata kukaa popote. Hawakumfukuza wala hawakumkaribisha chakula. Kisha akaondoka kuzungukia miji mingine saba ambako mkono wake ulikuwa umechora. Katika mitano alikuta mawe yamepakwa, na kote alisema ukweli siku ileile aliyofika, kabla ya kukaa. Alifia njiani kwenda wa sita. Wachunga mbuzi waliomzika wanasema mkono wake wa kulia ulikuwa mkavu kama ukuni, na wa kushoto ulikuwa na chokaa ndani ya kucha.